Serengeti Isiyo na Watu

Ukipanda basi Mwanza kwenda Musoma, ukishaipita Lamadi barabara inapakana na hifadhi kabisa. Kushoto ni upande wa ziwa, Ghuba ya Speke; kulia ni lango la Ndabaka, na siku nyingine abiria wanawaona nyumbu na pundamilia bila kulipa hata senti. Kondakta haongezi neno, maana kwake si habari. Baada ya muda mfupi mko stendi ya Bunda, watu wanauza mahindi ya kuchoma na soda, na safari inaendelea.

Naanza na hapo kwa sababu Bunda haimo kwenye picha. Mtu wa Frankfurt au Chicago aliyeijua Serengeti kupitia filamu hajui kwamba upande wa magharibi wa nyika ile kuna stendi, makanisa, mashamba ya pamba na mihogo, na shule zenye watoto wengi kuliko madawati. Anajua nyasi, simba, machweo. Lakini sehemu kubwa ya hifadhi iko Mkoa wa Mara, na mkoa huo hata wilaya iitwayo Serengeti unayo, makao yake makuu Mugumu. Sasa swali: watu wa huku walitolewaje kwenye picha, na nani alifanya kazi ya kuwarudisha?

Picha yenyewe ina baba, na si kosa kumtaja kwa jina. Bernhard Grzimek alikuwa mkurugenzi wa bustani ya wanyama ya Frankfurt, na tangu mwaka 1956 alikuwa na kipindi cha televisheni kuhusu wanyama ambacho Wajerumani wa Magharibi walikitazama familia nzima. Yeye na mwanawe Michael walikuja Tanganyika na ndege ndogo aina ya Dornier iliyopakwa milia kama pundamilia. Kazi yao ilikuwa kuhesabu wanyama kutoka angani, kwa sababu serikali ya Waingereza ilikuwa inapanga kubadili mipaka ya hifadhi. Januari 1959 ndege hiyo iligongana na tumbusi, Michael akafa. Alizikwa ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro, na baba yake alipofariki mwaka 1987 majivu yake yaliletwa palepale. Filamu yao, Serengeti darf nicht sterben, yaani Serengeti Haipaswi Kufa, ilitoka mwaka huohuo wa 1959, na mwaka 1960 ikapata tuzo ya Oscar ya filamu bora ndefu ya makala. Kitabu chenye jina hilohilo kikatafsiriwa kwa lugha nyingi.

Tuseme ukweli: ni filamu inayogusa. Kuna kijana aliyekufa akiifanya kazi hii, na baba anayeimalizia akiwa na msiba. Ni vigumu kumkosoa mtu aliyefiwa, na nadhani hilo limechangia sana filamu hii kukaa muda mrefu bila kusomwa kwa jicho kali. Ila msomaji wa fasihi amezoea kuuliza nani anasimulia, na nani hapewi mdomo. Sauti inayoeleza kila kitu ni ya msimulizi wa Ulaya. Mwafrika akionekana, ni Mmasai mwenye ng'ombe wake, mzuri kutazama lakini tatizo kwa nyasi. Au ni jangili mwenye nyaya za kunasia wanyama. Huyo wa pili ndiye hasa mtu wa Mara. Yaani Mwikoma, Mnata, Mwishenyi, Mngoreme, Mwikizu, Mkurya, wote wanaingia kwenye historia ya sinema ya dunia kupitia mlango mmoja, wa mtuhumiwa. Na katika kitabu Grzimek aliandika wazi msimamo wake: hifadhi ya taifa lazima ibaki nyika ya asili, na binadamu yeyote, hata mwenyeji, asiishi ndani yake.

Neno "asili" hapo ndipo mahali pa kugomba. Na aliyegomba kwa uvumilivu kuliko wote ni mwanahistoria mmoja Mmarekani, Jan Bender Shetler, profesa wa chuo cha Goshen, Indiana. Katikati ya miaka ya 1990 alikaa Mara akiwahoji wazee kwa ajili ya tasnifu yake ya udaktari, aliyoimaliza mwaka 1998 katika Chuo Kikuu cha Florida, na mwaka 2007 kikatoka kitabu chake Imagining Serengeti. Jina la kitabu linabeba hoja yote: Serengeti ni kitu kilichobuniwa akilini kabla ya kuwekewa mipaka ardhini, na waliobuni ni zaidi ya kundi moja. Wageni walibuni nyika tupu. Wenyeji walikuwa na ramani yao kichwani, yenye makao, njia, milima ya matambiko na makaburi.

Chukua jina lenyewe. Kwa kawaida husemwa kwamba Serengeti linatokana na neno la Kimasai lenye maana ya uwanda mpana. Sawa, linaufaa uwanda wa kusini-mashariki, kule kweupe ambako kamera hupenda kusimama. Lakini upande wa magharibi nchi si uwanda mtupu. Kuna vilima, mito, misitu ya miiba, na kila kilima kina jina na jina lina kisa. Mangwesi ni mlima wa Wanata na Waikoma. Chamuriho ni wa Waikizu, unaitwa kwa jina la Muriho, mwanzilishi anayesimuliwa kuwa aliisafisha nchi hiyo. Nyeberekera, ambako Waishenyi wanasema ndiko walikotokea, leo iko ndani ya hifadhi. Neno moja la Kimasai likapanuliwa na serikali ya kikoloni likafunika majina hayo yote kama turubai.

Masimulizi ya asili ndiyo sehemu ninayoipenda zaidi katika kazi ya Shetler, maana hapo historia inageuka fasihi bila kuomba ruhusa. Wanata wanasimulia juu ya mwanamume wa kwanza aliyekuwa mwindaji na mwanamke wa kwanza aliyekuwa mkulima. Walikutana porini, wakaunganisha nyama na nafaka, ndipo wakawa watu. Waikizu wanaye Nyakinywa, mwanamke aliyetoka Kanadi, upande wa Usukuma, akiwa na uwezo wa mvua, akakutana na Isamongo mwenye moto. Moto na mvua vikashindana, halafu vikapatana, na uongozi wa Ikizu ukazaliwa katika mapatano hayo. Mtu akivisoma visa hivi kama hekaya tu atapoteza jambo. Shetler anavisoma kama kumbukumbu ya uhusiano wa kweli: wawindaji na wakulima wanaohitajiana katika ukingo wa nyika, wageni wa kusini wanaoingia kwa ndoa, ardhi inayotumiwa kwa namna tatu kwa pamoja. Uwindaji hapa si wizi wa mali ya mtu. Ni nusu ya kisa cha kuumbwa kwa jamii. Sasa fikiria mtu aliyelelewa kwa kisa hicho anaposomewa shitaka la ujangili, kwenye kilima ambacho babu yake alikitambikia.

Wanahistoria wa kawaida huwa wanaogopa masimulizi ya namna hii kwa sababu hayana tarehe. Shetler haogopi, anasema tarehe siyo kitu wazee walichohifadhi, walihifadhi mahali. Mzee anaweza kuchanganya karne, lakini hachanganyi kijito. Ndiyo maana mwandishi huyu hakubaki kwenye viti vya barazani peke yake, alitembelea na wazee makao ya zamani, na kumbukumbu zilitoka kwa kadiri miguu ilivyotembea.

Halafu inakuja sehemu ya kitabu ambayo kila anayetengeneza filamu za wanyama angelazimishwa kuisoma kabla ya kupewa kibali. Kama watu walikuwepo, mbona wazungu wa kwanza waliona pori? Jibu ni kwamba walifika baada ya balaa. Miaka ya mwisho ya karne ya 19 iliipiga Mara mapigo mfululizo: mashambulizi ya kuporana mifugo, ukame, njaa, ndui, na sotoka iliyoingia Afrika Mashariki karibu mwaka 1890 na kuwafagia ng'ombe, nyati na nyumbu. Mwaustria Oscar Baumann alipopita mwaka 1892 aliwakuta Wamasai wakifa njaa. Watu wa magharibi ya Serengeti walijikusanya kwenye makazi machache yenye ulinzi, wakaacha mashamba ya mbali na kuacha kuichoma nyika kwa mpangilio. Vichaka vikaota. Vichaka vikaleta mbung'o, mbung'o wakaleta malale, na malale yakawazuia watu kurudi. Alipokuja mwindaji Mmarekani Stewart Edward White mwaka 1913, miaka 20 na kitu baadaye, akaandika kitabu akijisifu kwamba ameligundua pori lisiloguswa. Alichokikuta ni kama nyumba ambayo wenyewe wako hospitali, naye akatangaza haina mwenyewe.

Kuna ushahidi mwingine ambao hautoki kwa wazee hata kidogo, unatoka kwa wanasayansi wa wanyama. Grzimek na mwanawe walipohesabu walipata nyumbu wasiofika 100,000. Hesabu yao ilikuwa na upungufu. Mwaka 1961 wengine walihesabu wakapata karibu robo milioni. Kufikia mwaka 1977 nyumbu walikuwa wamepita milioni 1.3. Nini kilitokea? Ng'ombe wa wafugaji waliozunguka hifadhi walichanjwa sotoka, ugonjwa ukakatika hata kwa wanyamapori mwanzoni mwa miaka ya 1960, na ndama wa nyumbu wakaacha kufa. Msafara ule mkubwa unaouzwa kwenye kila tangazo la safari, ule unaoitwa wa tangu na tangu, kwa ukubwa wake wa leo ni mdogo kwa umri kuliko wazee wengi wa Mugumu. Na ulisaidiwa na sindano iliyochomwa kwenye nyonga ya ng'ombe wa mfugaji. Sijawahi kuona filamu inayoanza na ng'ombe huyo.

Hapa lazima twende Butiama, maana hatuwezi kuilaumu kamera ya Mjerumani peke yake. Mtoto wa Mtemi Burito wa Wazanaki, aliyeanza shule Mwisenge, Musoma, mwaka 1934, ndiye aliyetia sahihi Tamko la Arusha kuhusu wanyamapori Septemba 1961, miezi michache kabla ya uhuru, akiahidi kwa niaba ya serikali yake kwamba wanyama watalindwa kwa ajili ya vizazi vijavyo. Kauli inayonukuliwa sana ya Mwalimu ni kwamba yeye binafsi hakuvutiwa na likizo za kutazama mamba. Alichokiona ni fedha za kigeni, zinazofuata almasi na katani. Alikuwa mkweli. Nchi changa ilihitaji fedha, na Grzimek alitumia televisheni kuwahamasisha Wajerumani wafunge safari kuja. Lakini jambo linabaki: Uzanaki na Uikizu ni majirani, na Mwalimu alijua fika kwamba nyika ile ina wenyewe. Aliichukua picha ya wageni akaifanyia kazi kwa hesabu zake. Miaka ya 1970 Operesheni Vijiji ikawahamisha tena watu wa Mara, safari hii kwa jina la ujamaa, na makao mengine ya zamani yakabaki magofu. Shetler hakwepi hilo. Kwake dola huru na dola ya kikoloni zote mbili zilitazama ramani kutoka juu, kama ndege ya milia.

Na hayo si mambo ya zamani tu. Mapori ya akiba ya Ikorongo na Grumeti yalitangazwa mwaka 1994. Mwaka 2001 watu wa Nyamuma, wilayani Serengeti, walifukuzwa na makazi yao kuchomwa moto. Walilalamika mbele ya Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, na Tume ikaona kwamba haki zao zilikiukwa. Ukitaka kujua kwa nini mtu ahangaike na uhakiki wa filamu ya mwaka 1959, ni kwa sababu ya Nyamuma. Picha ya nchi tupu humfanya mwenye kuishi humo aonekane mvamizi, na mvamizi kuondolewa hakumshangazi mtu.

Kamera za siku hizi zimebadilika? Mwaka 2019 BBC ilionyesha mfululizo uitwao Serengeti, uliotengenezwa na Simon Fuller na John Downer. Picha ni za ajabu, hilo sipingi. Ila wanyama wamepewa majina na visa vya kimaigizo: simba jike anaitwa Kali, nyani anaitwa Bakari. Bakari! Nina rafiki zangu watatu wenye jina hilo na hakuna hata mmoja aliyefurahi. Disney walishafungua njia mwaka 1994 kwa Simba, Rafiki na Pumbaa, na jina la Pumbaa kwa ngiri naliona la haki. Lakini tazama kilichofanyika: Kiswahili kimeruhusiwa kuingia nyikani, wasemaji wake hawakuruhusiwa. Lugha yetu imekuwa kola ya shingoni kwa wanyama. Binyavanga Wainaina alilidhihaki jambo hili mwaka 2005 katika insha yake maarufu iliyotoka kwenye jarida la Granta, akimshauri mwandishi kwa kejeli awape wanyama wa Afrika utu kamili na watu awaache kama mapambo. Sidhani aliota kwamba miaka 14 baadaye ushauri ungefuatwa hatua kwa hatua.

Ngũgĩ wa Thiong'o alikuwa ameshagusa donda hilo alipomkosoa Karen Blixen, kwamba upendo wake kwa Afrika ulimpanga mpishi na mbwa kwenye rafu moja. Tofauti ni kwamba Ngũgĩ na Wainaina wanapiga picha ya mgeni kwa nyundo, nayo inavunjika. Shetler anaweka picha nyingine mezani. Kazi ya pili haina makofi mengi. Ukurasa baada ya ukurasa wa majina ya koo, vijito na marika si kitu cha kusambazwa kwenye simu. Lakini hiyo ndiyo inayoweza kutumiwa na mtu wa Mara akisimama mbele ya mkuu wa wilaya.

Nina ugomvi naye pia, tena si mdogo. Imagining Serengeti kimeandikwa kwa Kiingereza cha wasomi na kuchapishwa Ohio. Kabla yake, mwaka 2003, Shetler alihariri Telling Our Own Stories, mkusanyiko wa historia zilizoandikwa na wenyeji wa Mara Kusini wenyewe, ikiwemo ya Waikizu na Wasizaki. Wazo zuri mno: wazee na walimu wastaafu walikuwa wanaandika historia zao tayari, bila kusubiri profesa, naye akawafungulia mlango. Ila mlango ulifunguka Leiden, Uholanzi, kwa wachapishaji Brill, ambao bei za vitabu vyao ni za maktaba za vyuo vikuu vya Ulaya. Afadhali kitabu cha Zedekia Oloo Siso kuhusu uhamaji wa Wajaluo na Wabantu kwenda Mara Kaskazini, ambacho Shetler alikihariri, kilitoka mwaka 2010 kwa Mkuki na Nyota, Dar es Salaam. Hata hivyo nacho ni cha Kiingereza. Kwa hiyo mjukuu wa msimulizi, pale Bunda, akitaka kumsoma babu yake ajifunze Kiingereza kwanza na akope fedha pili. Filamu ya Grzimek haimdai hivyo. Anaitazama kwenye simu.

Huu ni udhaifu wa mfumo wa uchapishaji kuliko wa mwandishi, najua. Lakini uhakiki wa taswira usiofika kwa waliochorwa vibaya umefanya nusu ya kazi. Historia ya Ikizu, ya Nata na ya Ishenyi kwa Kiswahili, kijitabu cha bei ya soda mbili, chenye ramani ya vilima na majina yake, kingefanya Mugumu na Bunda kile ambacho kurasa za wasomi haziwezi.

Jambo la mwisho, ambalo naona bado halijazungumzwa vya kutosha. Karibu masimulizi yote ya kitabu cha 2007 ni ya wanaume: koo, mipaka, uwindaji, matembezi ya marika kuizunguka nchi ili kuilinda. Mwaka 2019 Shetler alirudi na kitabu kingine, Claiming Civic Virtue, ambacho kinauliza wanawake wa Mara walikumbuka nini. Kumbe walikumbuka vitu tofauti kabisa. Wanaume walisimulia makabila, yenye mipaka; wanawake walisimulia watu, yaani nani aliolewa wapi, nani alimkaribisha nani mwaka wa njaa, shangazi yupi yuko ng'ambo ya mto. Mtandao huo ulivuka kabila kwa kabila, kutoka Uzanaki hadi Ungoreme hadi Ujaluoni, na ndio ulioziokoa familia ya wanaume iliposhindwa kuelewana. Filamu ya 1959 iliwaona wanaume wa Mara angalau kama majangili. Wanawake haikuwaona kwa kosa lolote.